Mdhamini si shahidi: historia ya neno linalofilisi watu

Ukisoma magazeti ya Kiswahili kwa juma moja tu, utakutana na wadhamini wa aina nne. Wa kwanza ni kampuni inayoivalisha timu ya kandanda jezi zenye nembo yake. Wa pili ni wazee na mabibi waheshimiwa wanaoketi kwenye bodi ya wadhamini ya hospitali au kanisa. Wa tatu ni ndugu aliyefika mahakamani na hati ya shamba ili mshukiwa alale nyumbani kesi ikiendelea. Wa nne haonekani sana katika habari. Huyu utamkuta kurasa za nyuma, kwenye matangazo ya dalali, pale inapoandikwa kwamba ng'ombe, pikipiki au kipande cha ardhi kitauzwa kwa mnada. Yeye hakukopa hata ndururu. Alitia saini.

Wote wanne wanaitwa kwa neno moja, na hapo ndipo shida inapoanzia. Tuseme ni siku ya soko Matinyani, kule Kitui Magharibi. Mwalimu mmoja anafuatwa na jirani yake mwenye karatasi mkononi: "Mwalimu, nisainie hapa, ni fomu tu ya benki, wanataka mtu anayenijua." Mwalimu anamjua kweli. Wamesoma pamoja, wamezikiana wazazi, wamechanga harusi. Anatoa kalamu. Kichwani mwake ametoa ushahidi wa tabia, kama vile mtu anavyomwandikia kijana barua ya kuombea kazi. Benki, kwa upande wake, imepata mtu wa pili wa kulipa. Karatasi ni moja, saini ni moja, lakini maana zilizopo mezani ni mbili, na siku deni litakapolala ni moja tu itakayosikilizwa.

Hebu tulifuate neno lenyewe lilikotoka. Dhamana ni neno la Kiarabu, na katika vitabu vya sheria ya Kiislamu lina maana ya kubeba wajibu wa mtu mwingine. Wanasheria wa kale walipotaka kueleza jambo hilo kwa ufupi walisema ni kuunganisha dhima na dhima. Msomaji aliyepita kidato cha nne atashtuka hapo, maana dhima ameizoea katika maswali ya mtihani: eleza dhima ya methali, eleza dhima ya mhusika fulani. Huko tumeifanya dhima kuwa kazi au umuhimu wa kitu. Lakini kwa wanasheria dhima ilikuwa ni kile kitu kisichoonekana ndani ya mtu ambacho madeni hukaa juu yake. Ukimdhamini mwenzako, shingo yako inafungwa pamoja na yake. Ndiyo maana Watanzania hadi leo husema "waziri mwenye dhamana" wakimtaja waziri anayehusika na jambo fulani. Hawamaanishi kwamba ameweka kitu benki. Wanamaanisha ndiye atakayeulizwa.

Swali la nani aulizwe kwanza lina umri mrefu. Wanazuoni wengi, wakiwamo wa madhehebu ya Shafii yaliyoenea katika pwani yetu, waliona kwamba mwenye kudai anaweza kumshika yeyote kati ya wawili hao, mdeni au mdhamini, kwa hiari yake. Imamu Malik amepokewa rai tofauti: maadamu mdeni mwenyewe yupo na ana uwezo, kwa nini umsumbue aliyemsimamia? Mzozo huo ulikuwapo karne nyingi kabla ya benki ya kwanza kufungua mlango Mombasa, na kila mdhamini anayelalamika leo kwamba "wangeanza naye kwanza" anamuunga mkono Malik bila kujua.

Waswahili walipokea pia rehani, yaani kitu kinachowekwa kwa mdai mpaka deni liishe. Wakapokea hawala. Kutoka kwa wafanyabiashara wa Kihindi wakachukua hundi, na bepari, ambaye mwanzo alikuwa mchuuzi mkubwa tu kabla ya siasa kumgeuza kuwa mnyonyaji. Julius Nyerere alipotafsiri tamthilia ya Shakespeare mwaka 1969 akaiita Mabepari wa Venisi, maana zote mbili zilikuwa bado hai, na hadithi yenyewe, ukiitazama, ni ya mtu aliyejifunga kwa nyama ya mwili wake ili rafiki yake apate fedha.

Na neno kukopa je? Kamusi ya Frederick Johnson ya mwaka 1939 inalipa maana mbili: kupata fedha au bidhaa kwa ahadi ya kulipa, na kulaghai. Naona hapo kuna historia nzima ya mikataba iliyovunjika. Lugha haikuweka kukopa na kudanganya chini ya paa moja kwa bahati mbaya, watu walikuwa wameumwa.

Katika karne ya kumi na tisa, biashara ya Unguja ilisimama juu ya mali kauli. Mfanyabiashara wa Kihindi alitoa vitambaa, shanga na waya, msafara ukaenda bara mwaka mmoja au miwili au mitatu, ukarudi na pembe. Taria Topan, bepari mkubwa wa Unguja, ndiye aliyemgharimia Tippu Tip, na bila mkopo wa namna hiyo jina la Tippu Tip lisingevuka Tabora. Wenye mashamba ya karafuu nao waliweka rehani mashamba yao, au wakayauza kwa bei kheri, ule mtindo wa kuuza huku ukibaki na haki ya kukomboa, uliosaidia kupita kando ya katazo la riba. Katika ulimwengu huo jina la mtu lilikuwa mtaji. Aliyesema "huyu ni wangu" alikuwa amesema neno zito.

Ukambani ulikuwa na njia yake. Kivoi, mfanyabiashara mashuhuri wa Kitui ambaye Johann Ludwig Krapf alimtembelea mwaka 1849, alipeleka pembe Mombasa kwa misafara yake mwenyewe. Alirudi naye Krapf njiani kuelekea mto Tana mwaka 1851, wakavamiwa, na Kivoi akauawa. Watu wa misafara kama yake walipita nchi za wageni ambako hakukuwa na hakimu wala karani. Kilichowalinda huko ni kuchanjiana. Undugu wa damu ulikuwa dhamana: nikikudhulumu, nimemdhulumu ndugu, na adhabu yake haitoki serikalini. Nyumbani, deni lilikuwa mzigo wa ukoo. Mdeni akishindwa, jamaa zake ndio walioangaliwa, na ubishi ukizidi wazee waliweza kufikia kithitu, kiapo ambacho Mkamba hakukichezea, kwa kuwa aliyeapa uongo aliamini kifo kingempata yeye pamoja na watu wake. Ukitaka kuona wazo la "dhima juu ya dhima" katika sura ya Kikamba, liko hapo. Hakuna aliyetia saini, ila wote walikuwa wadhamini.

Kisha ikaja njaa ya miaka ya 1898 na 1899, ile Wakamba waliyoiita Ngomanisye. Mvua zilikosa, nzige na maradhi ya mifugo yalikuwa yamekwisha kupita, ndui ikafuata. Familia zilizoishiwa na mifugo zilipeleka wasichana na wanawake kwa Wakikuyu wa nyanda za juu, wakapewa chakula. Kwa waliotoa ilikuwa rehani: tutamkomboa mvua ikinyesha. Kwa baadhi ya waliopokea ilikuwa ndoa au kuongeza watu wa nyumbani. Njaa ilipokwisha, wengine walikombolewa, wengine hawakurudi, na malalamiko yakafika mbele ya maofisa wa Kiingereza waliokuwa ndio kwanza wanaketi. Kule pwani Wamijikenda walikuwa wamepitia hayo hayo katika njaa zao, watoto wakiwekwa rehani kwa matajiri wa mjini na rehani ikigeuka utumwa.

Nakaa hapa kidogo kwa sababu hii ndiyo sehemu ya historia tunayoiruka. Tunapenda kuamini kwamba kabla ya benki watu walikopeshana kwa upendo. Wengine ndiyo. Lakini pale ambapo hakuna ardhi yenye hati wala mshahara, mdai hutafuta kitu kingine cha kushika, na mara nyingi kitu hicho kimekuwa mtu. Hadithi ya Yusufu inalijua hilo katika vitabu vyote viwili: katika Mwanzo, Yuda anajifanya mdhamini wa Benjamini mbele ya baba yao na baadaye anajitoa awe mtumwa badala yake, katika Kurani, ndani ya sura ya Yusuf, mtangazaji wa mfalme anaahidi shehena ya ngamia kwa atakayeleta kopo lililopotea, na anasema yeye mwenyewe ndiye mdhamini wa ahadi hiyo. Na tukiwa hapo, neno kafala, ambalo magazeti yetu huliandika kila binti wa Kenya anapopata taabu Saudia, kwa wanasheria wa kale ni jina jingine la udhamini. Aliyekuwa msimamizi wa deni lako leo amekuwa mwajiri anayeshika pasipoti yako.

Serikali ya kikoloni ilileta sheria kutoka India. Sheria ya Mikataba ya India ya mwaka 1872 ndiyo iliyotumika Kenya mpaka karibu na uhuru, na kifungu chake cha 128 kinasema jambo fupi lenye kuuma: wajibu wa mdhamini unalingana na wa mdeni, isipokuwa mkataba ueleze vingine. Malik alishindwa hapo. Kenya ilipotunga sheria yake ya mikataba mwaka 1960 iliacha maandishi ya India na kufuata sheria za Uingereza, lakini matokeo kwa mdhamini hayakubadilika sana. Kilichokaa wazi zaidi ni sharti la kifungu cha tatu: hakuna wa kushtakiwa kwa ahadi ya kulipa deni la mwingine ila kuwe na maandishi yenye saini ya huyo anayeshtakiwa. Sharti hilo lilitokana na sheria ya Kiingereza ya mwaka 1677, iliyotungwa kuzuia watu kubambikiziwa ahadi kwa mashahidi wa uongo. Yaani saini ile ya sokoni Matinyani, sheria iliidai ili kumlinda mwalimu.

Benki zenyewe zilikuwapo mapema, kwa kuwa National Bank of India ilifungua Mombasa mwaka 1896, lakini hazikuwa za Mwafrika. Mwaka 1926 ukoloni ulipitisha sheria ya kudhibiti mikopo kwa wenyeji: asiye Mwafrika aliyemkopesha Mwafrika zaidi ya shilingi 200 hangeweza kumdai mahakamani bila maandishi na kibali cha ofisa. Walidai ni ulinzi. Kwa kweli uliwaweka wenye maduka wa Kiafrika nje ya biashara kubwa kwa miaka mingi. Baadaye, mwaka 1954, Mpango wa Swynnerton ulileta kupima mashamba na kutoa hati, na hati ikawa rehani mpya. Sehemu kubwa ya Kitui ilichelewa katika zoezi hilo. Mkulima alikuwa na ekari nyingi na hana karatasi hata moja.

Basi nani angekopeshwa? Mwenye mshahara. Tume ya Kuajiri Walimu ilipoanzishwa mwaka 1967, mwalimu wa shule ya msingi akawa mtu wa thamani kubwa kijijini, si kwa elimu peke yake, bali kwa sababu mshahara wake ulikuwa unaweza kukatwa kabla haujamfikia mkononi. Vyama vya akiba na mikopo vilijengwa juu ya jambo hilo: weka akiba, kopa mara tatu ya akiba, leta wanachama wenzako wa kukudhamini. Mahali ambapo pwani iliweka shamba la karafuu, Kitui iliweka karatasi ya mshahara. Na aliyekosa mshahara alimtafuta mwenye nao. Ndiyo maana mwalimu husainishwa mara nyingi kuliko mtu mwingine yeyote sokoni.

Sasa tuone saini hiyo inamfunga vipi. Wadhamini wakiwa wanne, fomu za benki kwa kawaida husema wanawajibika kwa pamoja na kila mmoja peke yake. Maneno hayo ya mwisho ndiyo yenye sumu. Deni likibaki shilingi 400,000, benki hailazimiki kugawa laki moja kwa kila mmoja. Inaweza kumfuata yule mwenye mshahara wa uhakika na kumdai zote 400,000, kisha ni juu yake kuwatafuta wenzake watatu wamrudishie 300,000, na kumtafuta mkopaji kwa fedha zote alizotoa. Sheria inampa haki hiyo. Muda na nauli ya kuitafuta haimpi. Katika vyama vya akiba hali huwa na nafuu kidogo, kwani mara nyingi mdhamini hufungwa kwa kiasi alichoandika mbele ya jina lake au kwa akiba yake.

Kipo na kifungu kingine ambacho wengi hawakisomi: dhamana endelevu. Mkopaji analipa mkopo wa kwanza, mnapongezana, unasahau. Anachukua wa pili, na saini yako ya zamani bado inafanya kazi kwa sababu fomu ilisema utadhamini "mikopo yote". Mtu anaweza kuiondoa kwa notisi ya maandishi kwa mikopo ijayo, ila si kwa ile iliyokwisha kutolewa. Kufa nako hakufuti. Mali ya marehemu hudaiwa.

Je, mdhamini lazima asubiri benki imshtaki kwanza mkopaji? Hapana, isipokuwa mkataba useme hivyo. Mkopaji akichelewa na barua ya madai ikatumwa, wajibu umeiva. Lakini mdhamini hayuko uchi kabisa. Mahakama zimeshikilia kanuni ya zamani kwamba benki ikibadilisha mkataba kwa namna inayomuumiza bila ridhaa yake, kwa mfano kuongeza kiasi au riba, au kumpa mkopaji muda mpya kwa mapatano yanayoifunga benki, mdhamini anaweza kuachiliwa. Benki zinaijua kanuni hiyo kuliko sisi, ndiyo sababu fomu zao hujaa vifungu vinavyomfanya mdhamini akubali mabadiliko yote mapema, na kingine kinachotamka kwamba atahesabiwa kama mkopaji mwenyewe.

Ikiwa aliweka ardhi, Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 inaitaka benki itoe notisi ya miezi mitatu ya kulipa, kisha nyingine ya siku 40 kabla ya kuuza, na dalali naye atoe yake ya siku 45. Kama ni nyumba ya ndoa, mume au mke lazima awe alikubali. Ikiwa ni mshahara, Sheria ya Ajira ya 2007 hairuhusu makato kuzidi theluthi mbili. Na kuhusu kufungwa jela kwa deni, jambo ambalo bado linatajwa kwa hofu vijijini, mwaka 2010 Jaji Martha Koome, akiwa Mahakama Kuu, aliamua kwamba kumfunga mtu kwa deni la kiraia kunapingana na mkataba wa kimataifa wa haki za kiraia. Miaka miwili baadaye mahakama hiyo hiyo, kwa jaji mwingine, ikasema kifungo hicho si haramu chenyewe mradi utaratibu ufuatwe na mdeni asikilizwe kwanza. Kwa hiyo mlango haujafungwa. Umeegemezwa tu.

Turudi kwenye lugha. Katiba ya 2010 inakiita Kiswahili lugha ya taifa na lugha rasmi, lakini fomu nyingi za mikopo bado zinaandikwa kwa Kiingereza cha mawakili, na ofisa wa mikopo huzieleza kwa mdomo: "Hapa ni mdhamini, weka saini." Mahakamani, kusema sikuielewa hati niliyotia saini mara chache sana kumemwokoa mtu mzima mwenye akili timamu. Hivyo neno analotamka ofisa ndilo peke yake linalosimama kati ya mwalimu na mnada, na neno lenyewe ni lile lile tunalolitumia kwa kampuni ya jezi.

Wapo wanaotaka tubuni istilahi mpya. Mimi sioni haja kubwa. Tumwite anayegharimia timu mfadhili, jina analolistahili. Bodi zibaki na wadhamini wao, hakuna anayedhurika. Ila kwenye fomu, chini ya mstari wa saini, iandikwe kwa Kiswahili: mlipaji wa pili. Na pale ambapo mkopo ni wa kina mama wa kikundi, ambapo kila mmoja anamdhamini mwenzake, isomwe kwa sauti, kwa Kikamba ikibidi, kabla kalamu haijazungushwa.

Kuna haki moja ambayo ingefaa iandikwe pia kwenye karatasi hiyo. Mdhamini akishalipa deni lote, anaingia mahali pa benki. Kila kitu ambacho benki ilikuwa imeshikilia kutoka kwa mkopaji kwa ajili ya mkopo huo, hati ya shamba au kitabu cha pikipiki, anayo haki ya kukabidhiwa ili naye ajilipe. Mara nyingi mkopaji ndiye anayekwenda kukichukua.